Kilicho Kati ya Viganja

Siku ya Msururu nilimfunga adui yangu mikono kwa vitambaa safi nilivyovichemsha mwenyewe, naye akanishukuru. "Kaza kidogo, mdogo wangu," akasema. "Usinionee huruma." Huruma! Nilikaza mpaka ncha za vidole vyake zikawa nyeupe.

Anayesoma haya na hakuwahi kuishi chini ya anga letu ataniona mwehu, kwa hiyo nieleze. Sisi tuna miezi mitatu. Tunaiita Mama, Mwana na Mjukuu, na siku zote kila mmoja ana njia yake na hana habari na wenzake, kama familia nyingi tu. Lakini mara moja katika kizazi hupangana mstari mmoja mbele ya jua, mchana kweupe, na kivuli chao hutua juu ya mji. Aliyekiona akiwa mtoto hukiona tena akiwa mtu mzima wa kutosha kuwa na majuto, na wachache sana hubahatika kukiona kwa mara ya tatu.

Ndani ya kivuli hicho muda hupinda, na hupindia kwenye viganja vya watu. Chochote utakachokishika kwa viganja viwili vitupu, kivuli kikiwa juu yako, hurudi kilivyokuwa siku ya Msururu uliopita, na jua likitoka hubaki hivyohivyo. Kinachorudi ni kile tu ambacho viganja vimekigusa, pamoja na kilicho katikati yao. Mkono mmoja haufanyi kitu. Halafu ukishaanza na kitu kimoja, basi. Viganja hufa ganzi, huwezi kuhamia kingine. Kila mtu ana chake kimoja, na ndiyo maana kwetu ni aibu kumwomba mtu mikono yake siku hiyo, hata awe jirani mwema kiasi gani.

Mama aliyezaa baada ya Msururu uliopita hufungwa vitambaa tangu alfajiri, asije akamnyanyua mwanawe kwa mazoea akabaki amekumbatia hewa. Na mtu aliyepona maradhi ya zamani hufungwa pia, asije akajigusa mahali alipopona. Huyu bwana wangu alikuwa mmoja wa hao. Alizaliwa na mtoto wa jicho, macho yote mawili, hakuwahi kuona hata rangi ya uji aliokuwa akinywa. Siku ya Msururu uliopita alikuwa kijana, ameketi kwenye benchi la zahanati yetu akingoja zamu. Kivuli kilipopita tu, siku ileile, baba yangu alimfungua macho.

Baba yangu ndiye aliyekuwa tabibu wa macho wa mji huu. Nasema "alikuwa", na hapo ndipo hadithi yangu ilipo.

Kijana yule baada ya kuona hakutaka kuondoka. Alilia, akambusu baba mikono, akaomba afundishwe kazi. Baba, ambaye hakujua kumkatalia mtu, akamfundisha. Akala mezani kwetu, akavaa mashati ya baba, mama yangu aliyekuwa hai wakati huo akawa anamwekea mnofu kabla ya kuniwekea mimi. Nikafundishwa kumwita kaka. Mji nao ukampa jina la Mwangaza, kwa sababu alikuwa kipofu na sasa anawapa wengine macho, na watu hupenda sana habari za aina hiyo. Mimi nina jina langu la kumwita, lakini kuna watoto wanaoweza kuyasoma haya.

Miaka ikaenda. Siku moja baba akatangaza mbele ya wagonjwa kwamba kiti cha dirishani atanirithisha mimi, bintiye, kwa kuwa mkono wangu ni mtulivu kuliko wa kaka yangu. Kiti hicho ndicho tabibu anachokalia wakati wa kutoboa jicho kwa sindano ili kuondoa ukungu, na kiko mbele ya dirisha kubwa la fremu ya chuma, ambalo hupandishwa juu kwa kamba na kufungwa kwenye ndoano ukutani. Mwanga wote wa kazi huingilia hapo.

Wiki hiyohiyo nilikuwa uani naanika vitambaa. Baba alikuwa ameweka mikono yake yote miwili kwenye kizingiti cha dirisha, ananiambia nisivibane sana kwenye kamba ya kuanikia. Nyuma yake nilimwona Mwangaza akiitazama ile mikono. Kisha akaitazama ndoano. Kisha, bila haraka, akaitoa kamba.

Mlio ule bado ninao masikioni. Sitausimulia.

Baraza la mji likakaa, mimi nikasema nilichokiona, Mwangaza akasema kamba ilichoka. Mwenyekiti wa baraza alikuwa anangoja zamu yake ya kutobolewa jicho la kushoto. Wajumbe wawili walikuwa na wake zao kwenye orodha hiyohiyo. Mikono ya baba ilikuwa imekwisha, mimi sikuwa nimepewa kiti bado, na aliyebaki ana ruhusa ya kushika sindano alikuwa mmoja. Mlitegemea waseme nini? Wakasema kamba ilichoka. Mmoja wao alinipigapiga begani akaniambia hasira inamzeesha mwanamke mapema.

Nilikwenda kuomba kazi kwa Mwangaza mwenyewe. Watu walinisifu, wakasema nimekomaa, nimeachana na mambo yaliyopita. Nilichemsha sindano zake, nikafua vitambaa vyake, nikamwita kaka kwa sauti tamu iliyokuwa ikinichefua. Jioni narudi nyumbani namlisha baba kwa kijiko. Vidole vyake vilikuwa vimejikunja na kugandana, hawezi kufunga kifungo, hawezi kujikuna. Kila kijiko nilichokipeleka kinywani mwake, moyoni nilikuwa namtia Mwangaza kitu kingine kabisa.

Basi Msururu ukakaribia, na nyumbani kwetu hapakuwa na mjadala. Mama alishafariki, ndugu hatuna, na mikono haiwezi kujishika yenyewe. Baba alikuwa na mimi tu. Asubuhi ile alinitaka nimsugue mikono kwa maji ya moto na nimkate kucha. Akavaa shati la mikono mifupi, akaketi mezani, akaiweka ile mikono juu ya kitambaa cheupe mbele yake, kama mtu anayengoja kupakuliwa chakula.

"Mfunge yule bwana, urudi moja kwa moja," akaniambia.

"Ndiyo, baba."

"Nakujua mimi. Usinifanyie mambo yako."

"Baba, nitarudi."

Na nilikuwa namaanisha. Nitasema ukweli, maana sina sababu ya kujipamba: kwa miaka nilikuwa nimeota kuyashika yale macho ya Mwangaza ndani ya kivuli na kuyarudishia ukungu wake. Nilijizoeza kwenye mto wa kulalia, namna ya kukunja viganja na kufunika macho kwa mbele tu, pasipo kugusa kingine. Lakini asubuhi ile nilipomwona baba ameketi na kucha zake safi, nilijiambia kisasi kinaweza kungoja mpaka nife. Nilimpenda baba kuliko nilivyomchukia yule mtu. Tofauti haikuwa kubwa, lakini ilikuwepo.

Njiani mji wote ulikuwa nje. Fundi viatu alikuwa amekaa kizingitini na cherehani yake kuukuu magotini, mikono iko tayari. Mwanamke mmoja alikuwa na mtungi wa marehemu mama yake, ule uliopasuka, vipande vyote amevifunga kwa uzi. Mzee muuza mkaa alikuwa ameshajishika taya ili apate meno yake ya ujana, na mkewe wa pili alikuwa amesimama mbele yake kumchunga.

"Shusha mikono! Chini zaidi!" alikuwa akimfokea. "Ukiipandisha hapo masikioni utarudisha na akili, unisahau mimi, halafu nianze kukutongoza upya na umri huu?"

Watu wakacheka, na mimi nikacheka. Nilikuwa mwepesi siku hiyo, hata sijui kwa nini.

Zahanati ilikuwa imefungwa, yumo Mwangaza peke yake. Yeye kila mara alipozungumzia Msururu alitokwa jasho. Hofu yake ilikuwa ajifikiche macho kwa bahati mbaya ndani ya kivuli, maana alikuwa na tabia hiyo ya kujifikicha akichoka. Mtu hawezi kujifunga mikono yote miwili mwenyewe, na mkewe alikuwa amekwenda kumshika mama yake mzazi. Akanichagua mimi. Aliniamini, mnaona? Alikuwa amesahau kabisa. Mtu aliyekutenda akisahau, na wewe uliyetendwa unakumbuka hata rangi ya shati alilovaa, hiyo nayo ni dhuluma ya pili.

Nikamfunga akiwa amekaa kwenye kiti cha dirishani. Kidole kwa kidole, halafu kiganja, halafu kifundo, halafu nikaunganisha mkono na mkono kama alivyotaka. Nikamaliza. Nikakung'uta sketi, nikageuka kuondoka.

"Mzee hajambo?" akaniuliza.

"Hajambo. Anangoja nikamshike mikono."

"Eh, vizuri. Vizuri sana." Akaegemea kiti. "Kiti hiki kina mtu, hilo analielewa. Lakini akitaka kuja kusagasaga dawa, kusalimiana na wagonjwa, mlango uko wazi. Na umwambie jambo moja kutoka kwangu. Mwambie nimemsamehe."

Nilidhani sijasikia vizuri. "Umemsamehe nini, kaka?"

"Yale maneno. Kunisingizia mbele ya baraza kwamba niliitoa kamba. Wewe ulikuwa na uchungu, nakuelewa, lakini mzee mzima kukuachia useme vile... Yalinichoma sana. Leo ni siku kubwa, sitaki kubaki na kinyongo. Mwambie nimesamehe, ameze chakula chake kwa amani."

Anameza chakula chake kwa mkono wangu, mbwa wewe. Sikulisema hilo. Nilisimama nimeshika kitasa, na damu ilinipanda mpaka nikaona nyota kabla miezi haijafika. Angekaa kimya ningeondoka. Angesema hali ya hewa nzuri, ningeondoka. Kila nikilifikiria hili narudi palepale: alikuwa na kinywa, angeweza kukifunga.

Nje watu wakapiga kelele. Mwanga ukaanza kugeuka rangi ya shaba, na kwenye sakafu kivuli cha fremu ya dirisha kikawa vivuli vitatu, vikisogeleana. Kwa jirani yetu fundi bati nikasikia nyundo ikigonga, kisha, kupitia dirishani, nikamwona ndiyo kwanza anainyanyua. Muda ulikuwa umeanza kupinda. Kutoka pale hadi nyumbani ni mwendo mfupi. Kwa kukimbia ningefika.

Nikafunga mlango kwa ndani.

"Bado upo?" Mwangaza aliuliza. Akanitazama usoni, kisha akatazama mikono yangu, ambayo haikuwa na kitambaa. Alielewa upesi, hilo siwezi kumnyima. Akainuka, lakini mtu aliyefungwa mikono pamoja hana mizani, nikamsukuma kifuani akarudi kitini.

"Mdogo wangu. Mdogo wangu, nisikilize."

"Sina kaka."

Vivuli vitatu vikawa kimoja. Nikayafunika macho yake kama nilivyojizoeza, viganja vimekunjwa, kwa mbele tu. Alipiga yowe. Akarusha kichwa kulia, akarusha kushoto, kiti kikayumba, na mikono yangu ikateleza, kiganja kimoja kikaangukia sikio hili na kingine sikio lile. Nikakaza hapohapo. Macho bado yako katikati, nikajiambia, ya nini kuhangaika. Nilikuwa na hasira na nilikuwa na haraka, na kitu ambacho kila mtoto wa mji huu anakijua, kitu nilichokuwa nimekicheka barabarani muda mfupi uliopita, hakikunijia kabisa.

Hapo ndipo viganja vilipoanza kuwaka moto.

"Niliitoa!" akalia. "Niliitoa kamba, nimekubali! Niliiona mikono yake pale nikaitoa! Niachie, nitasema kila kitu, nakuapia, nitasema mbele ya bara—"

Mnajua ni miaka mingapi nilikuwa nangoja maneno hayo? Nilitaka arudie. Nilitaka ayaseme polepole, ayaseme dirishani, ayaseme fundi bati asikie. Nikamwinamia nimsikie vizuri, na wala sikuachia. Nywele zake za mvi zikaanza kuwa nyeusi kuanzia kwenye mizizi. Makunyanzi ya paji la uso yakajinyoosha. Ukungu ukaingia kwenye mboni zake taratibu, maziwa ndani ya chai, na mimi nikafurahi. Nilifurahi, msitegemee niseme vingine. Nilicheka kwa sauti mle ndani peke yangu.

Jua likarudi. Viganja vyangu vilikuwa vimekufa ganzi, vikadondoka vyenyewe mapajani. Mji mzima ukalipuka kwa vigelegele, watu wanashangilia vyungu na viatu vyao.

"Sema sasa," nikamwambia. "Malizia. Utasema mbele ya baraza."

Akaelekeza sikio upande wangu, kama vipofu wanavyofanya. Alikuwa na kichwa cha kijana juu ya shingo yenye mikunjo ya mtu mzima, na uso ule laini ulikuwa unatabasamu kwa adabu.

"Samahani, sijakuelewa," akasema. Hata sauti ilikuwa nyingine. "Kivuli kimeshapita? Tabibu aliniambia nikae kwenye benchi, kikipita tu ananifungua macho leoleo." Akajaribu kusogeza mikono. "Mbona nimefungwa? Ndivyo mnavyofanya kabla ya sindano? Sawa, mimi siogopi. Nimengoja siku hii tangu nizaliwe."

Nilimzaba kofi. Mkono haukuwa na hisia, kwa hiyo hata utamu wa lile kofi sikuupata.

"Nimekosa nini?" akauliza. Machozi yalikuwa yanamlengalenga kwenye yale macho meupe. "Dada, kama nimekosa niambie niombe radhi."

Nilimtafuta yule mtu kwenye uso ule, nikamtafuta mdomoni, nikamtafuta kwenye namna anavyokunja nyusi. Hakuwemo. Mtu niliyemchukia kuliko kiumbe chochote, niliyemchemshia sindano na kumwita kaka kwa ajili ya siku moja tu, nilikuwa nimemtoa duniani kwa mikono yangu mwenyewe, na hakuhisi hata dakika moja ya giza. Alikuwa ameondoka katikati ya neno.

Sikujua nimpeleke wapi. Kumwacha pale ilikuwa vigumu, si kwa kumhurumia, ila kwa kuwa alikuwa wangu. Nikapitisha kiwiko kati ya mikono yake iliyofungwa nikamkokota barabarani kama mbuzi. Hakuna aliyetuangalia. Yule mwanamke wa mtungi alikuwa anaubusu. Muuza mkaa alikuwa anamwonyesha kila mtu meno.

Baba alikuwa mezani vilevile, mikono iko juu ya kitambaa cheupe. Hakuwa ameisogeza. Nadhani mpaka jua linarudi alikuwa bado anautazama mlango, na hata baada ya hapo aliendelea kungoja, kwa vile mtu akishangoja kiasi hicho hajui afanye nini kingine. Alinitazama. Akaitazama mikono yangu inayoning'inia. Kisha akamwona niliyekuja naye, na akainuka nusu kwenye kiti.

"Tabibu yuko hapa?" kijana akauliza. "Nasikia harufu ya dawa yake."

Baba akaketi tena. "Kichwa chote?" akaniuliza, kwa sauti ya chini.

"Aliteleza."

"Aliteleza!"

"Baba, alinituma nikwambie amekusamehe. Yeye! Amekusamehe wewe! Ulitaka niitikie, nije nikuambie maneno hayo huku nakushika mikono?"

"Nilitaka kushika kijiko," akasema baba. Nilitamani anipige, lakini angenipiga kwa mikono ipi?

Kijana alikuwa amesimama katikati ya chumba, anageuza kichwa huku na huku akifuatilia sauti zetu. Baba akamtazama kama alivyokuwa akitazama wagonjwa zamani, kwanza jicho moja, kisha la pili.

"Ulikuwa unataka nini hasa kutoka kwake?" akaniuliza.

"Alipe. Ajue kilichompata na ajue ni kwa nini."

"Basi hajui. Ungemwacha na macho yake, angalau kungekuwa na mtu mmoja duniani anayelala na jambo lile kichwani kila siku. Sasa tunalala nalo mimi na wewe tu." Akaitazama mikono yake. "Hata mimi, siku ya kufa kwangu, nisingeweza kumsamehe namna hiyo. Umemfutia lote."

Hayo yaliniingia. Miaka yote hakuna aliyepata kuniambia neno likaniingia hivyo.

"Tabibu," kijana akasema, amefurahi kuitambua sauti, "ni wewe. Umepata mafua? Mimi ni yule wa benchini. Nisamehe kwa kuja mpaka nyumbani. Kama umechoka tufanye kesho."

Baba akavuta pumzi. "Siwezi kukufungua macho, kijana. Sina mikono."

"Huna mikono vipi?"

"Sogea."

Nikamsogeza. Nikamfungua vitambaa, kwa meno, kwa kuwa vidole vyangu bado havikuwa na nguvu, na baba akamnyooshea ile mikono yake juu ya meza. Kijana akaipapasa. Vipofu huona kwa vidole, na yeye aliona vizuri sana. Alipita kwenye kila kidole kilichopindika, kwenye kila kifundo kilichounganika vibaya, akarudi mwanzo, akapita tena. Taratibu uso wake ukabadilika. Akapiga magoti sakafuni, akalilaza paji la uso juu ya mikono ya baba, akalia kwa sauti, kilio cha mtu anayelia kwa ajili ya mzazi wake. Baba alifumba macho.

"Nani amekufanyia hivi?" kijana akauliza aliponyanyua kichwa. "Hii si ajali. Mikono inayowapa watu macho! Nitajie huyo mtu, tabibu. Hata nikibaki kipofu maisha yangu yote, nitamtafuta kwa kupapasa. Nakuapia, hatalala salama."

Baba akatikisa kichwa kunielekea mimi. Alikuwa ananiomba ninyamaze. Nilimwelewa vizuri kabisa.

Nikapiga magoti pembeni ya kijana. Nikauchukua mkono wake wa kulia, nikauweka ndani ya mkono wake wa kushoto.

"Mkono wake huu hapa," nikamwambia.

Alitabasamu kwanza, akidhani ni mzaha. Kisha vidole vyake vya kushoto vikaanza kutembea. Vikapita kwenye ngozi iliyolegea, kwenye mishipa iliyotutumka, kwenye sugu ya kidole gumba, pale sindano inapokaa baada ya miaka ya kazi. Vikasimama. Akabadilisha, akaupapasa wa kushoto kwa wa kulia, ukawa vilevile.

"Hii ni ya mtu mzima," akasema. "Hii ya nani?"

"Ya kwako."

Akaendelea kuipapasa, mmoja baada ya mwingine, haraka haraka, akipanda mpaka viwikoni na kushuka tena. Akaanza kumwita baba yangu. Alimwita mara nyingi, sauti ikizidi kupanda.